Injini za Milima

Katika mji wa Nairobi, karibu na stesheni ya gari la moshi, pana nyumba ya makumbusho ya reli iliyofunguliwa mwaka 1971. Uwanjani pake zimesimama injini za zamani, ndogo kwa kubwa, juu ya vipande vya reli visivyokwenda mahali po pote. Miongoni mwake hakuna zizidizo kwa ukubwa zile mbili zenye namba 5918 na 5930. Rangi yake ni nyekundu iliyokoza, ile iitwayo damu ya mzee. Magurudumu yake makubwa humfikia mtoto wa miaka kumi na miwili kidevuni. Urefu wa kila moja, kutoka ncha hata ncha, ni futi 104, nao uzito wake, ikiwa imejaa maji na mafuta, ni tani 252.

Injini hizi ni za aina ya 59, lakini zilijulikana pia kwa jina la injini za milima, kwa sababu zilipewa majina ya milima ya Afrika ya Mashariki. Ile ya 5918 inaitwa Mount Gelai, kwa jina la mlima Gelai ulio karibu na Ziwa Natron. Na ile ya 5930 inaitwa Mount Shengena, kwa jina la mlima wa Upare. Zamani zilikuwa 34. Leo zimebaki mbili tu. Somo hili linaeleza jinsi zilivyokuja, kazi zilizofanya, jinsi zilivyokwisha, na kwa nini ni vema hizo mbili zitunzwe.

1. Reli na mzigo wake

Kazi ya kujenga reli ilianza Mombasa mwaka 1896. Reli ikafika Nairobi mwaka 1899, tena ikafika Kisumu, katika pwani ya Ziwa Viktoria, mwaka 1901. Watu zaidi ya 30,000 waliletwa kutoka Bara Hindi kuja kuijenga, na kiasi cha 2,500 kati yao hawakurudi kwao, maana walikufa kwa maradhi na ajali. Mwaka 1898, walipokuwa wakijenga daraja la mto Tsavo, simba wawili wala watu waliwatia hofu kubwa hata kazi ikasimama kwa muda. Basi njia hii haikupatikana kwa urahisi. Kila maili yake ina gharama ya uhai wa watu.

Toka Mombasa mpaka Nairobi ni maili 330. Gari la moshi huanza safari usawa wa bahari, huvuka maji ya Makupa, kisha huanza kupanda mara moja kuelekea Mazeras. Baada ya hapo huingia nyika ya Taru, nchi kavu yenye miiba, ambamo maji ni haba. Hupita Voi, Tsavo, Mtito Andei, Makindu na Sultan Hamud, huku nchi ikizidi kuinuka, hata ikifika Nairobi imekwisha panda zaidi ya futi 5,000. Mahali pengine njia hupinda sana ili kuepuka vilima na mabonde. Tena nafasi iliyoko kati ya chuma kimoja cha reli na cha pili ni mita 1 tu, yaani hatua moja ndefu ya mtu mzima.

Baada ya vita kuu ya 1939 hata 1945, mizigo iliongezeka mno. Mashine, saruji, mafuta na nguo zilitaka kwenda bara. Pamba, kahawa na chai zilitaka kushuka pwani. Meli zilifika Mombasa zikakuta bandari imejaa mizigo ambayo reli haijaweza kuichukua. Mwaka 1948 reli za Kenya na Uganda ziliunganishwa na zile za Tanganyika, zikawa chini ya shirika moja la reli na bandari. Na shida hii ikawa juu ya shirika hilo jipya.

Wangefanyaje? Njia ya kwanza ilikuwa kuongeza hesabu ya magari ya moshi. Lakini reli ilikuwa ya njia moja, na magari mawili yakikutana sharti moja lingoje pembeni katika stesheni mpaka lingine lipite. Magari yakizidi kuwa mengi, kungojana nako huzidi. Njia ya pili ilikuwa kuyafanya magari yenyewe kuwa marefu na mazito zaidi. Lakini gari zito lataka injini yenye nguvu nyingi. Injini yenye nguvu nyingi huwa nzito. Na injini nzito ikipita juu ya reli nyembamba huzipinda au kuzivunja. Hata kama reli zingestahimili uzito, injini ndefu isiyokunjika haiwezi kupita penye kona kali, kama vile mtu aliyebeba boriti ndefu asivyoweza kugeuka katika kichochoro. Ilitakiwa injini iliyo kubwa na nyepesi pamoja, ndefu na yenye kukunjika pamoja.

2. Fikira ya Garratt

Jibu la shida hii lilikuwa limekwisha fikiriwa miaka mingi kabla yake. Herbert William Garratt alikuwa mhandisi Mwingereza aliyefanya kazi ya reli katika nchi mbalimbali. Mwaka 1907 aliomba hati ya serikali ya kulinda uvumbuzi wake. Injini mbili za kwanza za namna hiyo zilitengenezwa mwaka 1909 kwa reli ya Tasmania, kisiwa kilicho kusini ya Australia. Garratt mwenyewe alikufa mwaka 1913, asiwahi kuziona zile kubwa zilizotokana na fikira yake.

Ili kuifahamu fikira hiyo, kwanza ni lazima kujua jinsi injini ya mvuke ifanyavyo kazi. Ndani yake mna tanuri la moto, na mbele ya tanuri mna boila, yaani pipa kubwa la chuma lenye maji. Moto na moshi wake wa moto hupita katika mabomba membamba yaliyo ndani ya maji hayo, na maji huchemka. Maji yakigeuka kuwa mvuke hutaka nafasi kubwa kiasi cha mara 1,600 kuliko ile ya kwanza. Lakini boila haiwapi nafasi. Kwa hiyo mvuke hujibana na kusukuma kwa nguvu. Katika injini za aina ya 59 nguvu hiyo ilikuwa ratili 225 juu ya kila inchi moja ya mraba. Mvuke ukifunguliwa njia huingia katika silinda, husukuma pistoni mbele na nyuma, na fito nene za chuma hugeuza mwendo huo kuwa mzunguko wa magurudumu. Kisha mvuke uliochoka hutoka kwa bomba la moshi, na hapo ndipo husikika ile sauti ya kupumua ijulikanayo na kila mtu aliyekaa karibu na reli.

Katika injini za kawaida boila hukaa juu ya magurudumu. Garratt aliona vingine. Aliweka seti moja ya magurudumu na silinda mbele, na seti ya pili nyuma, mbalimbali; na katikati akaitungika boila, kama machela iliyochukuliwa na watu wawili. Juu ya seti ya mbele likakaa tangi la maji. Juu ya seti ya nyuma yakakaa makaa au mafuta, na maji mengine. Pale boila inapoungana na kila seti pana kiungo kinachozunguka.

Faida zake ni tatu. Kwanza, injini hukunjika mahali pawili, kwa hiyo hufuata kona kama jongoo afuatavyo njia yake. Pili, uzito hutawanywa juu ya magurudumu mengi, na reli haioni uzito wote mahali pamoja. Mzigo ambao ungemvunja mgongo mchukuzi mmoja, wachukuzi kumi na wanne wataubeba wakiimba. Tatu, kwa kuwa chini ya boila hamna magurudumu, boila yaweza kufanywa nene, na tanuri lake pana na lenye kina, hata mvuke upatikane kwa wingi.

Injini za Garratt zilianza kazi katika reli ya Kenya na Uganda mwaka 1926. Ziliposaidia sana, wakuu wa reli waliendelea kuagiza nyingine, kila mara kubwa kuliko za kwanza. Zile za aina ya 59 ndizo zilizokuwa kilele cha kazi hiyo.

3. Mtoto wa mfumaji

Injini za milima zilitengenezwa na kampuni ya Beyer, Peacock, katika mtaa wa Gorton, mji wa Manchester, Uingereza. Kampuni hiyo ilianzishwa mwaka 1854, na miongoni mwa waanzilishi wake walikuwa Charles Beyer na Richard Peacock.

Beyer hakuzaliwa Uingereza. Alizaliwa mwaka 1813 katika nchi ya Saxony, Ujerumani, naye alikuwa mtoto wa mfumaji wa nguo, mtu maskini. Alipokuwa kijana, uhodari wake wa kuchora ulionwa na watu waliomsaidia kupata masomo. Baadaye alikwenda Manchester akaanza kazi kama mchoraji wa mashine, akaendelea mpaka akawa mwenye kiwanda mashuhuri. Alipokufa mwaka 1876 alikuwa amekwisha toa mali nyingi kwa ajili ya chuo cha Manchester na kujenga makanisa karibu na kiwanda chake. Penseli na karatasi ndivyo vilivyokuwa mtaji wake wa kwanza.

Katika miaka ya 1955 na 1956 kiwanda hicho kilitengeneza injini 34 za aina ya 59, zikaletwa Mombasa kwa meli. Zilipewa namba kuanzia 5901 mpaka 5934. Ya kwanza iliitwa Mount Kenya. Nyingine ziliitwa Mount Meru, Mount Elgon, Mount Hanang, Mount Rungwe, Mount Longonot na Mount Kilimanjaro. Na ya mwisho iliitwa Menengai Crater, kwa jina la shimo kubwa la mlima wa moto lililo karibu na Nakuru. Hivyo milima ya Kenya, ya Uganda na ya Tanganyika ilikutana katika reli moja.

4. Kazi na watu wake

Kila injini ilikuwa na magurudumu 28, na katika hayo 16 ndiyo yaliyosukumwa na mvuke. Boila yake ilikuwa na upana wa futi 7 na nusu, yaani zaidi ya mara mbili ya nafasi iliyo kati ya reli zilizoibeba. Matangi yake yalichukua maji galoni 8,600, na mafuta ya kuwasha galoni 2,700. Kazi yake kubwa ilikuwa kuvuta mizigo kati ya Mombasa na Nairobi. Iliweza kuvuta gari la tani 1,200 likipanda mlima ambao kila mita 100 za njia huinuka mita 1 na nusu. Katika reli zote za upana wa mita 1 duniani, hapakupata kuwapo injini za mvuke zenye nguvu kuliko hizi.

Baadaye ziliwekewa bomba la moshi la namna mpya, lililobuniwa na mhandisi wa Austria, Giesl-Gieslingen. Bomba hilo si la mviringo kama mengine, bali ni jembamba na refu, kana kwamba limebanwa kwa viganja viwili. Kazi yake ilikuwa kuvuta hewa vizuri zaidi kupita katika tanuri, ili mafuta yale yale yatoe mvuke mwingi zaidi.

Lakini injini hata ikiwa na nguvu namna gani haijiendeshi. Safari ya Mombasa ilikuwa ndefu, ikawa desturi kila injini kuwa na dereva wawili na watia moto wawili. Wawili walipokuwa kazini, wenzao walilala katika behewa dogo lililofungwa nyuma ya injini. Zamu ikiisha hubadilishana. Madereva wengi wa kwanza wa injini hizi walikuwa Masingasinga na watu wengine wenye asili ya Bara Hindi. Waafrika wengi walianza kwa kusafisha injini na kutia moto, na kadiri miaka ilivyokwenda wakashika usukani wa kazi wao wenyewe. Kwa kuwa watu wale wale walikaa na injini ile ile, waliipenda kama mchungaji apendavyo ng'ombe wake. Walisugua shaba mpaka ikang'aa, na dereva mwenye injini chafu alionekana mtu asiyejiheshimu. Huko Makindu hekalu la Masingasinga, lililojengwa na wafanya kazi wa reli mwaka 1926, lingali likiwapokea wasafiri mpaka leo.

Kazi ya mtia moto ilitaka akili kuliko nguvu. Injini hizi hazikula makaa bali mafuta mazito, nayo yalipulizwa tanurini kwa mvuke. Mtia moto alitazama rangi ya moshi: moshi mweusi ulimwambia kwamba mafuta yanapotea bure, pasipo moshi kabisa alijua kwamba hewa baridi imezidi. Masizi yakijaa katika mabomba, hutupa mchanga kidogo tanurini, nao huvutwa na hewa ukasugua mabomba ndani.

Juu ya yote ilimpasa kutazama maji. Katika kibanda cha dereva pana bomba la kioo lionyeshalo kimo cha maji ndani ya boila. Maji sharti yafunike dari ya tanuri wakati wote. Yakipungua hata dari ikawa wazi, chuma hushika moto na kulegea, na mvuke huipasua boila kwa mshindo wa kuua watu. Kwa hiyo mtu mmoja aliyelala usingizi mbele ya kioo kile angeweza kuangamiza injini, mizigo na wenzake wote. Uaminifu katika jambo dogo ulikuwa ndio ulinzi wa jambo kubwa.

5. Mwisho wa kazi

Hakuna mashine idumuyo milele. Mwaka 1960 injini kubwa za dizeli zilianza kuja katika reli ya Afrika ya Mashariki. Injini ya mvuke hutaka saa nyingi za kuwasha moto kabla haijaweza kwenda. Ya dizeli huwashwa ikaenda upesi. Injini ya mvuke hunywa maji mengi, na katika nyika ya Taru maji hayo hupatikana kwa gharama. Ya dizeli haihitaji hayo. Tena kwa kazi ile ile, dizeli hutumia mafuta machache. Wakuu wa reli hawakukosea walipochagua mashine iliyo nyepesi kwa kazi na kwa fedha.

Hivyo katika miaka ya 1970 injini za milima zilianza kuondolewa kazini moja moja. Mwaka 1977 shirika la reli la Afrika ya Mashariki likavunjika, na kila nchi ikachukua reli yake. Kufika mwaka 1980 kazi ya injini hizi ilikuwa imekwisha. Moto ulizimwa, maji yakamwagwa, na injini zikakatwa vipande na kuuzwa kama chuma chakavu. Mount Kenya ilikatwa. Mount Kilimanjaro, yenye jina la mlima mrefu kuliko yote ya Afrika, ilikatwa. Zilizopona ni Mount Gelai na Mount Shengena, ambazo milima yake watoto wengi hawajapata kuisikia.

Hata kiwanda kilichozizaa hakipo tena. Kampuni ya Beyer, Peacock ilifunga milango yake mwaka 1966. Kwa hiyo chuma kikivunjika katika injini hizi mbili, hakuna duka la kununua kingine. Sharti kichongwe upya na fundi ajuaye.

6. Kuhifadhi ni kazi

Watu wengine hudhani kwamba kuhifadhi kitu cha kale ni kukiacha tu mahali kilipo. Wamekosea. Injini iliyoachwa huliwa na adui watatu. Wa kwanza ni kutu, maana maji yaliyosalia katika boila na mabomba hukila chuma kwa ndani, mahali pasipoonekana. Wa pili ni mwizi, apendaye shaba na vibao vya majina kwa kuwa vina bei. Wa tatu ni usahaulifu, ambao ni mbaya kuliko wote. Kwa maana watu wasiojua thamani ya kitu hawatakilinda na wale adui wawili wa kwanza.

Kuna namna mbili za kuhifadhi injini. Namna ya kwanza ni kuiweka isimame. Hukaushwa maji yote, hupakwa rangi na girisi, na ikiwezekana hujengewa paa. Watu huja kuitazama na kuigusa. Namna ya pili ni kuifanya iende tena, nayo ni ngumu zaidi. Mabomba ya boila hutolewa na kutiwa mengine. Boila hujazwa maji baridi na kusukumwa kwa nguvu ipitayo ile ya kazi, ili kama ina ufa uonekane kwa kuvuja maji, wala usionekane kwa kupasuka kwa mvuke. Kila fito, kila kiungo na kila gurudumu hupimwa. Mwanzoni mwa karne hii ya 21 kazi hiyo ilifanywa juu ya Mount Gelai, nayo ikawashwa moto na kwenda tena kwa nguvu zake yenyewe.

Hata injini ya kwanza kabisa ya Garratt, ile ya Tasmania ya mwaka 1909, haikupotea. Mwaka 1947 watengenezaji wake waliinunua na kuirudisha Uingereza ili iwe kumbukumbu. Katika karne hii imewashwa moto tena, na kuvuta wasafiri katika reli ndogo ya milima ya Wales.

Mtu aweza kuuliza: Je, ni haki kutoa fedha kwa ajili ya chuma kizee, hali kuna shule zisizo na madawati? Swali hili ni la kweli, wala halijibiwi kwa kucheka. Hakuna asemaye kwamba injini ni bora kuliko mtoto. Lakini mtoto naye hujifunza kwa macho kama ajifunzavyo kwa kitabu. Akisoma kwamba mvuke una nguvu, huamini kwa sababu mwalimu amesema. Akisimama karibu na silinda yenyewe na kuona unene wa fito zake, hufahamu. Tena injini hii ni ushuhuda wa watu ambao majina yao hayakuandikwa: waliotandika reli katika nyika, waliotia moto usiku, waliosugua shaba alfajiri. Hati zaweza kuwasahau. Kazi ya mikono yao ingalipo.

Tena kuna jambo moja zaidi. Injini yaweza kukaa chini ya paa miaka mia, lakini fundi hakai miaka mia. Wale waliojua kusikiliza pumzi ya boila na kusema ina ugonjwa gani wamezeeka, na wengi wamekwisha fariki. Ujuzi wao haukuwekwa katika kabati ya makumbusho. Usipopokewa na vijana wakati wazee wangali hai, injini itabaki kama ngoma isiyo na mpigaji. Kwa hiyo mwanafunzi aliye na babu aliyefanya kazi katika reli, au katika kiwanda cha pamba, au katika jahazi, amwulize leo, na aandike asikiayo.

Mwaka 2017 reli mpya iliyo pana zaidi ilifunguliwa kati ya Mombasa na Nairobi, nayo hupita karibu na ile ya zamani mahali pengi. Wasafiri wake hufika kwa saa chache, huku wakitazama nyika kwa dirisha. Ni vema. Lakini wakishuka Nairobi wakaenda mpaka nyumba ya makumbusho, wataiona Mount Gelai imesimama na Mount Shengena. Na kama wamesoma vizuri, watajua ni nani waliowafungulia njia.

Maneno ya kujifunza

Boila: pipa la chuma la kuchemshia maji ili kupata mvuke.
Chuma chakavu: chuma kilichochoka, kinachouzwa ili kiyeyushwe.
Machela: kitanda cha kuchukulia mtu, hubebwa na watu wawili au zaidi.
Masizi: weusi unaoachwa na moshi.
Mhandisi: mtu mwenye elimu ya kubuni na kutengeneza mashine, njia na madaraja.
Mtia moto: msaidizi wa dereva, mwenye kutunza moto na maji.

Maswali

1. Kwa nini wakuu wa reli hawakuweza kuondoa shida ya mizigo kwa kuongeza tu hesabu ya magari ya moshi?
2. Eleza faida tatu za injini ya Garratt. Chora picha yake, uonyeshe mahali pa boila, tangi la maji na mafuta.
3. Uzito wa tani 252 ukigawanywa sawasawa juu ya magurudumu 28, kila gurudumu litabeba tani ngapi?
4. Mlima ukiinuka mita 1 na nusu katika kila mita 100 za njia, gari likienda mita 4,000 litakuwa limepanda mita ngapi?
5. Ni hatari gani hutokea maji yakipungua katika boila? Mtia moto aliizuiaje?
6. Kwa nini boila ya zamani hujaribiwa kwa maji baridi kabla ya kujaribiwa kwa mvuke?
7. Taja adui watatu wa injini iliyoachwa. Kwa nini wa tatu amesemwa kuwa mbaya kuliko wote?
8. Andika barua kwa rafiki asiyetaka fedha zitumike kutunza injini za kale. Kwanza eleza maneno yake kwa haki, kisha umjibu.